Mshauri wa Pande Mbili

Mzee Ngatia aliingia katika ofisi ya wakili wa mtu aliyemshtaki akiwa amebeba kibuyu cha asali. Alivua kofia, akaipachika kwenye goti, akaketi kwenye benchi la wateja na kutulia kama mtu aliyefika kwao. Kesi yake ilikuwa isikilizwe Jumatatu. Siku hiyo ilikuwa Ijumaa, na Watiri, mjane wa ndugu yake, ambaye ndiye aliyemshtaki, alikuwa ameketi kwenye benchi hilohilo juzi tu.

Yakubu bin Salim, karani wa ofisi, alimkuta hapo aliporudi kutoka msikitini. Alisimama mlangoni na kanzu yake ya Ijumaa, akamtazama mzee, akakitazama kibuyu, akasema moyoni: Lahaula! Huyu kapotea njia.

"Mzee, umekosea mlango," alimwambia. "Wakili wako yuko ng'ambo ya barabara, juu ya duka la vitambaa. Hapa ni kwa wakili wa Watiri."

"Najua," alijibu Ngatia kwa Kiswahili chake cha kijijini Ihururu. "Mimi si kipofu. Niko na maneno kidogo, na nimeleta kwako."

"Kwangu mimi?"

"Kwako, karani. Ningeleta muratina, lakini nyinyi watu wa msikiti hamnywi. Nikasema, asali haina dini."

Tusimcheke mzee kabla hatujamwelewa. Ngatia alikuwa na miaka sabini na ushei, na kesi zote alizoziona ujanani ziliamuliwa na wazee wa kiama, yaani baraza la jadi la Wakikuyu, watu waliokula mbuzi wa huyu na mbuzi wa yule, kisha wakajitenga kando wakanong'onezana, wakarudi na neno moja. Mzee wa kiama hakuwa wa upande wowote. Ukiwa na jambo linalokukereketa, ulimwendea yule aliyeijua kesi yako kuliko wote, ukamtolea la moyoni. Na katika kesi hii, nani aliyeijua kumshinda Yakubu? Yeye ndiye aliyeandika barua zote. Yeye ndiye aliyepanda hadi Ihururu kumpelekea mzee hati ya kuitwa mahakamani, na siku hiyo alimpa mkono kwanza, akamjulia hali, akaulizia mvua, ndipo akampa karatasi. Wakili wa ng'ambo ya barabara alikuwa ameajiriwa na wana wa Ngatia, naye hajawahi kumuuliza mzee hata kama amekunywa chai.

Na Yakubu naye tumwelewe. Alizaliwa Majengo, nyuma ya msikiti, baba Mnubi aliyefika na jeshi la Mwingereza, mama Mkikuyu wa Mathira aliyesilimu. Kikuyu alikinyonya kwa mama, Kiswahili akakiokota uani, Kiingereza akakipata kwa fimbo. Lakini ukoo hakuwa nao, wala kipande cha shamba cha kuzikia hata paka. Alianza kazi kwa wakili wa Kihindi, na Mhindi huyo alipohamia Uingereza, ofisi ilinunuliwa na wakili kijana, Kingori, pamoja na meza, taipureta na Yakubu mwenyewe. Miaka kumi na minane amechapa habari za mashamba ya watu, ekari kwa ekari. Na Nyeri ya mwaka wa sabini na mbili haikuwa na habari nyingine. Watu walikuwa wakiulizana hatimiliki kabla ya kuulizana afya. Lakini asiye na shamba haitwi barazani. Katika miaka yote hiyo hakuna hata mtu mmoja aliyemgeukia akamwambia: Yakubu, wewe waonaje?

Kingori alikuwa na sheria moja ambayo hakuchoka kuirudia. "Mzee Yakubu, mtu mwenye wakili wake akija hapa, usimsikilize. Mrudishe kwa wakili wake. Hata akileta salamu, mwambie azipitishe huko." Yakubu aliijua sheria hiyo kama anavyoijua Fatiha. Siku hiyo Kingori alikuwa Karatina kwa kesi nyingine, na ofisi ilikuwa kimya.

"Sema Kikuyu, mzee," alisema Yakubu, akaufunga mlango.

Ngatia alishusha pumzi. Kwa lugha yake mwenyewe alikuwa mtu mwingine, mwenye maneno mapana yasiyo na haraka. "Kwanza niambie, mwana wa Salim. Nikiyaweka haya mbele yako, yatakaa?"

Hapo ndipo Yakubu alipaswa kusema, mzee, chukua asali yako uende salama. Ulimi ulikuwa tayari. Lakini mzee alikuwa amemtazama usoni, yeye mtu wa Majengo, kama anavyotazamwa mzee wa kiama, na Yakubu alihisi mgongo wake ukinyooka wenyewe. Loo, sifa ni tamu!

"Yatakaa," alisema.

Mzee alikizibua kibuyu, akamsogezea. Yakubu alichovya kidole akaonja, kama desturi ilivyotaka.

"Basi sikia. Walipopima mashamba mwaka wa hamsini na nane, ndugu yangu Gicheru alikuwa kizuizini Manyani. Wakasema aliye kizuizini hapimiwi. Nikawaambia, andikeni ekari zote sita kwa jina langu, za ndugu yangu nitazishika. Sikuiba, karani. Alipotoka nilimpeleka shambani siku ya pili tu, hata kabla hajanenepa. Tukagawa tatu kwa tatu, tukapanda matoka katikati, mimi na yeye, kwa mikono yetu."

Yakubu aliitikia kwa kichwa. Itoka lilikuwa ua analolijua kila mtu wa milima ile, lenye kitunguu kikubwa chini ya ardhi na maua marefu yenye mistari myekundu. Wakikuyu hulipanda mpakani, na likishapandwa haliguswi.

"Gicheru alipokufa, wanangu walinikalisha chini," Ngatia aliendelea. "Peterson, yule mkubwa, akanisomea hatimiliki. Baba, karatasi inasema ekari sita na jina moja. Mama Watiri ana mabinti tu, na mabinti wataolewa. Shamba utamwachia nani? Alinisomea jioni baada ya jioni, hadi nikachoka. Jumapili moja, Watiri akiwa kanisani, niliyang'oa matoka. Yote. Arubaini na moja."

"Ukayatupa?"

"Ningeyatupaje?" Mzee alimtazama kwa mshangao wa kweli. "Nimeyapanda nyuma ya zizi la mbuzi. Mwaka huu yametoa maua."

Nje, mchuuzi wa viazi alikuwa akibishana bei na mama mmoja, na mama alikuwa akishinda.

"Mkono niliochimbia unakufa ganzi," alisema Ngatia. "Kwetu anayeng'oa itoka hujiitia balaa, yeye na wajukuu wake. Nikisema ukweli, wanangu watanitupa, na mzee aliyetupwa na wanawe ni maiti inayotembea. Nikinyamaza, Gicheru ananiona. Sasa nipe shauri. Nifanyeje?"

Yakubu alikuwa ametamani miaka kumi na minane kuulizwa swali hilo, na sasa alitamani ardhi ipasuke immeze. Kwa sababu alifahamu vizuri alichokuwa ameshikishwa. Kesi ya Watiri ilikuwa imekosa kitu kimoja tu, shahidi wa mpaka. Wote waliouona ukipandwa walikuwa wamekufa, au walikuwa wana wa Ngatia.

Watiri mwenyewe alikuwa amemuuliza Yakubu siku ya kwanza kabisa, kabla hajaweka dole gumba kwenye karatasi: "Huyu wakili ni nani hasa? Ni mshauri?" Alikuwa mama wa miaka hamsini hivi, mkavu, mwenye macho yasiyokubali kudanganywa. Yakubu, ambaye alipenda kueleza maneno kuliko kula, alifurahi. Alimwambia kwamba kwao Majengo wakili hujulikana kutoka kwenye ndoa. Bibi harusi hukaa chumbani, na wakili wake huenda mbele ya shekhe akasema kwa niaba yake. Akishasema ndiyo, bibi harusi kaolewa. "Mshauri anakuambia wewe, mama. Wakili anawaambia wengine, na akisema, umesema wewe."

"Na akitaja bwana mwingine?" aliuliza Watiri.

"Ndiyo maana hachaguliwi mtu hivihivi."

Watiri alicheka, akabonyeza dole gumba. "Haya. Basi mmekuwa mdomo wangu, wewe na huyo kijana. Msinitajie bwana mwingine."

Sasa mdomo wa Watiri ulikuwa umeonja asali ya Ngatia.

"Mzee," Yakubu alisema hatimaye, na sauti yake haikuwa tena ya mzee wa kiama. "Jumatatu utaulizwa. Ukiulizwa, sema mwenyewe. Sina shauri jingine."

"Ni zito."

"Najua."

Ngatia alisimama, akavaa kofia yake taratibu, upande huu, halafu ule. "Nitalibeba nione. Lakini nikishindwa njiani, haya niliyokuambia yatakaa kwako."

"Yatakaa kwangu," alijibu Yakubu, kwa sababu alikwisha kusema mara moja, na la pili hufuata la kwanza.

Jumamosi asubuhi Kingori alirudi, tai imelegea, macho mekundu kwa kusoma. Alikuwa kijana mwema, mwepesi wa hasira na mwepesi wa kusamehe. Alitupa jalada mezani. "Kuna jipya?"

"Hakuna, Bwana Wakili."

Neno hilo lilitoka laini, na Yakubu aliogopa jinsi lilivyotoka laini. Kibuyu kilikuwa chini ya meza yake, nyuma ya marundo ya majalada ya zamani.

Watiri aliitwa akaketi mbele yao. Kingori hakumficha, maana hakujua kuficha. Alimwambia kwamba karatasi ni karatasi, na hatimiliki ya upimaji wa kwanza haitikisiki kwa maneno matupu. Angejitahidi, angemhoji mzee, lakini mzee akikana, bila shahidi itakuwa kama kupigia mbuzi gitaa. "Mama, ujiandae kwa lolote. Una mahali pa kwenda?"

"Nina binti Mwea, kaolewa na mkulima wa mpunga. Wana chumba kimoja."

"Basi mpelekee habari mapema."

Watiri aligeuka akamtazama Yakubu. Labda alingoja aeleze neno, kama ilivyokuwa kawaida yake. Yakubu alianza kunyoosha karatasi zilizokuwa zimenyooka. Mama akainuka, akashukuru, akaenda zake. Karani alijiambia kwamba ameahidi. Alijiambia kwamba mzee atasema mwenyewe. Alijiambia mengi, na katika yote hakuna lililomtuliza.

Mkewe, Zuena, hakuhitaji kuambiwa kwamba kuna jambo. Mtu asiyemaliza pilau ya Jumamosi ama ni mgonjwa ama ana siri. Alimbana pale uani, akichambua mchele wa kesho yake, mpaka Yakubu akamweleza, bila kutaja majina. Zuena hakushangaa wala hakumhurumia.

"Nikuulize kitu, Baba Waridi," alisema. "Ulipewa amana, au ulijipa cheo?"

Yakubu aliokota chuya moja kwenye ungo, akaitupa.

"Usinijibu mimi. Amana hurudishwa kwa mwenyewe. Nenda ukamwombe akufungue."

Jumapili alipanda basi hadi Ihururu. Alisimama kando ya uwanja wa kanisa mpaka watu walipotoka, akamwona Ngatia katikati ya wanawe watatu, amevaa koti jeusi, Peterson amemshika mkono kama anayemsaidia kutembea. Macho yao yalikutana. Yakubu aliinua mkono kidogo. Mzee aligeuza uso, akaanza kuulizia bei ya saruji, na wanawe wakampitisha. Yakubu aliteremka mjini kwa basi lililofuata, kibuyu mapajani, maana alikuwa amekwenda nacho kukirudisha. Kondakta alimtania kwamba asali hiyo inanukia, amuuzie. Yakubu akampa bure, na kondakta akadhani amekutana na mtakatifu.

Jumatatu mahakama ilijaa. Kesi za mashamba zilikuwa na watazamaji wake, wazee wenye bakora waliokuja kusikiliza na kulinganisha na zao. Watiri alitoa ushahidi wake kwa ufupi. Alisema mpaka ulikuwapo, wa matoka, na Jumapili moja alirudi kutoka kanisani akakuta mashimo. Wakili wa upande wa pili alimuuliza kama alimwona aliyeyachimba. Hakumwona. Alimuuliza kama fuko hachimbi mashimo. Watu wakacheka, na Watiri akangoja wamalize.

Kisha Ngatia akapanda kizimbani, akashika Biblia kwa mkono wa kushoto, maana wa kulia haukuwa na nguvu. Peterson aliketi mstari wa mbele, mikono kifuani. Kingori alimhoji kwa nusu saa, akizunguka, akirudi, akimjia huku na huku. Mzee alijibu kwa sauti ndogo. Hatimaye Kingori alisimama mbele yake kabisa.

"Mzee Ngatia. Katikati ya shamba hili, kulikuwa na mpaka wa matoka?"

Yakubu, aliyeketi nyuma ya wakili wake na kalamu mkononi, aliacha kuandika. Sasa, mzee, alisema moyoni. Sasa. Yabarikiwe maneno yako, sema sasa.

Ngatia alitazama mikono yake. Halafu alimtazama Peterson.

"Hapana," alisema. "Hakukuwa na mpaka."

Watiri hakulia. Alitoa sauti ndogo tu, kama ya mtu aliyejikwaa, akaanza kukusanya khanga yake magotini kana kwamba kesi imekwisha na ni wakati wa kwenda. Kingori alisema hana swali zaidi, akarudi kukaa, na mabega yake yalikuwa yameshuka.

Kilichomshinda Yakubu ni ile sauti. Yakubu angeweza kuvumilia machozi. Machozi ya wateja alikwisha kuyazoea. Aliandika maneno mawili kwenye kipande cha karatasi, akakisukuma mbele. Kingori alisoma. *Niite mimi.* Aligeuka polepole.

"Una nini?"

"Nina neno la Ijumaa. Mzee alikuja ofisini."

"Ijumaa," Kingori alirudia kwa mnong'ono, "na leo ni Jumatatu." Alimtazama karani wake kwa jicho ambalo Yakubu hakuwa amewahi kuliona kwake, kisha akasimama na kuomba ruhusa ya kumwita shahidi mmoja zaidi.

Wakili wa upande wa pili aliruka kama aliyekalia siafu. Karani wa mwenzake! Aliyekaa humu ndani akisikiliza kila kitu! Ajabu gani hii? Hakimu, mtu mzima mwenye miwani iliyokaa chini ya pua, alimsikiliza mpaka mwisho, akasema uzito wa ushahidi ataupima yeye, lakini ushahidi wenyewe anataka kuusikia. Ngatia akateremka, akaketi karibu na wanawe. Yakubu akapanda, akaletewa Msahafu, akaushika kwa mikono miwili na kuapa.

Kutoka pale juu, chumba kilikuwa kidogo kuliko alivyokijua. Aliona kila kitu kwa pamoja, kofia ya Ngatia juu ya goti, khanga ya Watiri, kalamu ya hakimu ikingoja.

"Ijumaa iliyopita," alisema Kingori, "ulizungumza na mshtakiwa?"

"Ndiyo."

"Alikuambia nini?"

Hilo ndilo swali, na lilikuwa jepesi. Upande mmoja alikuwapo mama aliyemfanya mdomo wake. Upande wa pili mzee aliyemuuliza, yatakaa? akajibiwa, yatakaa. Na Msahafu alioapia ulikuwa bado mezani, umbali wa shubiri moja. Yakubu alifungua kinywa. Hata leo, ukimuuliza kama angesema au angenyamaza, atakuambia kwa haki ya Mungu hajui.

"Ngoja!"

Ngatia alikuwa amesimama. Peterson alimvuta koti, na mzee akaunasua mkono wake bila kumtazama.

"Bwana hakimu, huyo mtu asiseme," alisema kwa Kiswahili chake, kwa sauti iliyofika hadi nje barazani. "Alinipatia neno yake, mimi nikakataa shauri yake. Sasa atavunja neno juu ya Kitabu kwa sababu yangu, na hiyo balaa nayo nitabeba wapi? Hayo maneno ni yangu. Nitasema mimi."

"Baba!" Peterson alisema.

"Nyamaza, Peterson. Umesoma ya kutosha."

Na akasema. Alisema mwaka, alisema Manyani, alisema tatu kwa tatu, alisema idadi ya vitunguu na mahali vilipo. Aliposhindwa na Kiswahili aliingia Kikuyu, na mkalimani wa mahakama akawa anamkimbilia nyuma. Alisema pia kwamba dakika chache zilizopita amedanganya juu ya Biblia, na kwamba alikuwa tayari kwa lolote, ila kama ni kufungwa, mbuzi wake wanyweshwe maji. Hakuna aliyecheka. Hakimu aliandika muda mrefu, kisha akaamuru kwamba Alhamisi mahakama yote itakwenda Ihururu kuliona zizi hilo la mbuzi, na kwamba mpaka siku hiyo hakuna atakayemgusa mama huyu wala mmea wowote. Peterson na nduguze walitoka bila kumngoja baba yao. Ngatia alibaki peke yake kwenye benchi refu, akisugua mkono wake wa kulia.

Hakuna aliyemwambia Yakubu ateremke. Aliteremka mwenyewe.

Barazani Kingori alimkuta akiwa amesimama karibu na nguzo. Kijana alikuwa na jalada kwapani, na uso wake ulikuwa unapigana kati ya furaha na kitu kingine.

"Kesi hii tutashinda, Mzee Yakubu," alisema. "Karani ndiye sijui kama bado ninaye. Kesho usije. Keshokutwa njoo tuzungumze."

"Vyema, Bwana Wakili."

Alistahili hata zaidi ya hayo, na alijua. Lakini si Kingori aliyekuwa akimwogopa. Watiri alikuwa akija kutoka upande wa kisima, kiondo kizito mgongoni, kamba yake kichwani. Alikishusha mbele yake. Haikuwa rahisi kuusoma uso wake. Ulikuwa kama uso wa mtu aliyetolewa majini, ambaye bado hajaamini nchi kavu.

"Mzee alikuja kwako lini?" aliuliza.

"Ijumaa, mama. Baada ya sala."

"Ijumaa." Aliihesabu kwa vidole, bila hasira, kama anayehesabu siku za kuku kuatamia. "Basi Jumamosi, nilipokuwa nimeketi pale, wewe ulikuwa unajua."

"Nilikuwa nimeahidi, mama."

"Nimesikia. Mzee ameeleza." Aliinua dole gumba lake. "Kwangu pia uliahidi. Siku ile ya dole gumba."

Yakubu aliinama akakiegemeza kiondo kwenye nguzo.

"Jana sikwenda kanisani," alisema Watiri. "Nilisema, nikifukuzwa Jumatatu, wale vijana hawatakula jasho langu. Nikashuka mtoni, nikachimba nduma zote. Hata zile nilizopanda juzi mvua ilipoanza. Nilichimba mpaka mikono ikatoka damu." Alikifungua kiondo. Zilikuwa ndogo, nyingine kama dole gumba, na mizizi yake bado nyeupe. "Nilizileta nimpelekee binti yangu Mwea. Sasa siendi Mwea. Chukua wewe."

"Mama, siwezi kuchukua..."

"Chukua," alisema. "Mimi siwezi kuzirudisha ardhini."

Alizimimina zote katika gunia tupu aliloomba kwa mchuuzi wa jirani, akakunja kiondo chake, akakipachika kwapani. Halafu, kwa sababu ambayo Yakubu hajapata kuielewa, alirudi ndani ya mahakama, mahali Ngatia alipokuwa bado ameketi, akasimama mbele yake. Mzee alivaa kofia, akainuka kwa taabu, wakatoka pamoja, mama mbele na mzee nyuma yake, wakielekea kwenye basi la Ihururu, maana wote wawili walikuwa wakienda upande mmoja.

Yakubu alitembea mpaka Majengo, gunia begani. Adhana ya alasiri ilimkuta njiani na hakuisikia. Zuena alikuwa uani na jiko limekwisha kuwaka. Alilipokea gunia, akalifungua, akatoa nduma moja, akaigeuzageuza kiganjani.

"Maskini, changa hivi!" alisema. "Hata hazikupata kutia unga. Nani kazichimba hizi kabla ya wakati wake?"

Yakubu alivuta kigoda, akaketi kando yake, akachukua kisu.

"Mimi," alisema.

Zuena alisogeza sufuria karibu naye, wakaanza kumenya.